Late Spring: uongo wa baba kwa binti yake

Wadau, leo tuziweke pembeni kidogo muvi za ngumi. Kuna filamu moja ya Kijapani ya mwaka 1949, haina rangi, inaitwa Banshun, ila wengi wanaijua kama Late Spring. Aliyeiongoza ni Yasujiro Ozu. Hakuna bunduki wala mtu kupigwa kofi, lakini ilipoisha nilibaki kimya.

Stori iko hivi. Noriko ana miaka 27, anaishi Kamakura na baba yake, Profesa Somiya, ambaye ni mjane. Binti ndiye anayeendesha nyumba, na ana raha zake. Shangazi mtu ndio anaanzisha: umri unakwenda, mchumba yupo, tena anafanana na Gary Cooper! Noriko anagoma. Akiondoka, mzee ataangaliwa na nani?

Basi mzee anadanganya. Binti anamuuliza kama kweli naye anataka kuoa, anaitikia. Noriko anaumia sana, mwisho anakubali kuolewa.

Sasa unaweza kuuliza, si angekataa tu? Cheki mwaka. Japani ilishindwa vita mwaka 1945, na katiba mpya iliyoanza kutumika 1947 ilisema ndoa ni hiari ya wawili wenyewe. Yaani kisheria hakuna wa kumlazimisha Noriko. Kinachomsukuma ni upendo, na upendo huwezi kuushtaki mahakamani.

Safari yao ya mwisho ni Kyoto. Huko Noriko anamwambia baba kwamba hivi walivyo inamtosha, haamini ndoa itampa furaha zaidi. Mzee anamjibu kwamba furaha ya ndoa haiji siku ya harusi, mnaijenga wenyewe, inaweza kuchukua miaka. Hata mama yake mwanzoni alikuwa akilia jikoni.

Harusi hatuonyeshwi, bwana harusi hatumwoni kabisa. Tunachokiona ni mzee amerudi nyumbani, yuko peke yake, anamenya tunda. Ganda linaanguka, kichwa kinainama. Hakuna mwanamke yeyote anayekuja kuolewa.

Ozu mwenyewe hakuoa mpaka alipofariki mwaka 1963, na miaka mingi aliishi na mama yake. Labda ndio maana hamlaumu mtu.

Mimi naona mzee alimpenda binti yake, ila alimnyima haki ya kuchagua huku akijua ukweli. Wewe je, ungekuwa Noriko, siku ukigundua ungemsamehe? Tiririkeni.