Jimbo Moja, Wabunge Watano: Kura ya Belconnen Inavyohesabiwa



Siku chache kabla ya uchaguzi wa Oktoba 2024, dada mmoja wa kwetu Mombasa, nesi wa zamu za usiku, alinipigia simu. Alikuwa ameshapata uraia na ndiyo mara yake ya kwanza kupiga kura hapa Canberra. Na hapa Australia kupiga kura si hiari, usipokwenda unaletewa faini. Akaniambia, "Kaka, nimeambiwa niandike namba moja mpaka tano. Sasa ninayemtaka nikimpa moja, halafu nikampa mwingine mbili, si nitakuwa nampunguzia wangu?"

Nikamjibu haraka haraka, "Hapana dada, andika tu." Akauliza kwa nini. Jamani, mhandisi mzima nikakosa la kusema! Ndipo nikakaa chini kusoma, na makala hii ni majibu yake.

Dada huyu anaishi Belconnen, kama wengi wetu tunaotafuta nyumba za kupanga zenye nafuu kidogo. Sehemu kubwa ya vitongoji vya Belconnen imo katika jimbo la uchaguzi la Ginninderra. Baraza la Kutunga Sheria la hapa lina wajumbe 25, kutoka majimbo matano, kila jimbo wajumbe watano. Kabla ya 2016 walikuwa 17 tu, na Ginninderra ilikuwa na watano vilevile. Baraza hili ndilo serikali ya mkoa na ndilo halmashauri ya mji, maana Canberra haina madiwani. Hospitali, shule, mabasi, pipa la taka nje ya mlango wako, yote ni yao. Kiongozi wa serikali ni kama Waziri Kiongozi aliyekuwapo Zanzibar kabla ya 2010.

Kwetu tumezoea jimbo moja, mbunge mmoja. Mwenye kura nyingi anachukua, hata kama waliomkataa ni wengi kuliko waliomtaka, na waliobaki wanasubiri miaka mitano. Lakini jimbo la wabunge wengi si geni kabisa. Tanganyika, uchaguzi wa 1958 na 1959, ilikuwa na majimbo kumi, kila moja viti vitatu, na mpiga kura alilazimishwa kuchagua Mwafrika mmoja, Mhindi mmoja na Mzungu mmoja. Ndiyo ile kura tatu iliyowagawa wana-TANU kule Tabora mpaka Zuberi Mtemvu akajitoa na kuunda chama chake. Kule viti vingi viliwekwa ili walio wengi wasipate nguvu ya wingi wao. Hapa vimewekwa ili walio wachache nao wapate cha kwao. Kwa hiyo tusitazame idadi ya viti peke yake, tutazame na hesabu.

Hesabu yenyewe inaitwa Hare-Clark. Thomas Hare alikuwa mwanasheria Mwingereza, Andrew Inglis Clark alikuwa mwanasheria mkuu wa serikali ya Tasmania, ambako mfumo huu ulianza kutumika miaka ya 1890. Tuseme jimbo limepiga kura halali 60,000. Unagawa kwa sita, yaani viti vitano ongeza moja, unapata 10,000, halafu unaongeza kura moja. Kiwango cha kushinda ni 10,001. Kwa nini sita na si tano? Kwa sababu watu watano wakishafikisha 10,001 kila mmoja, kura zilizobaki ni 9,995, na hazimtoshi mtu wa sita. Ndiyo idadi ndogo kabisa inayohakikisha hawatapita zaidi ya watano.

Sasa fikiria matangi ya maji juu ya paa. Tangi la kwanza likijaa, maji ya ziada hayamwagiki chini, yana bomba la kuyapeleka tangi la pili. Mgombea akipata 12,001, anahitaji 10,001 tu. Zile 2,000 za ziada zinahamia kwa wale walioandikwa namba mbili. Hawachukui karatasi 2,000 kwa bahati nasibu. Karatasi zake zote zinatazamwa, ila kila moja inahama na thamani ndogo, hapa kama sehemu moja ya sita ya kura. Kukiwa hakuna tena ziada ya kugawa na viti bado vipo, mwenye kura chache kuliko wote anatolewa, na karatasi zake zinakwenda kwa anayefuata zikiwa na thamani ileile zilizokuwa nayo kwake. Wanaendelea hivyo mpaka viti vitano vijae.

Hapo ndipo jibu la dada lilipo. Namba mbili yako haisomwi mpaka namba moja ameshapita au ameshatolewa. Haiwezi kumpunguzia hata chembe. Na ukiishia namba moja tu kura bado ni halali, ila aliyeandikwa akitolewa, karatasi yako imefika mwisho wa safari.

Kuna jambo jingine lililonifurahisha. Karatasi za kura hazifanani. Chama kinaweka wagombea watano kwenye safu yake, lakini majina yanachapwa kwa mipangilio 60 tofauti, ili asiwepo anayefaidika kwa kukaa juu. Chama hakina uwezo wa kusema fulani ndiye wa kwanza kwenye orodha, na siku ya kupiga kura ni marufuku kugawa vikaratasi vya kampeni ndani ya mita 100 za kituo. Matokeo yake, watu wa chama kimoja wanashindana wenyewe kwa wenyewe. Mwaka 2024 kule Brindabella, waziri Mick Gentleman alipoteza kiti, na viti vyote viwili vya Labor vikaenda kwa wapya wa chama hichohicho. Chama hakikupungukiwa, yeye ndiye aliyebaki nje!

Hata mjumbe akijiuzulu hakuna uchaguzi mdogo. Mwaka 2011 Jon Stanhope, aliyeongoza serikali tangu 2001, aliacha kiti chake cha Ginninderra. Zikatolewa karatasi zilizompitisha yeye katika uchaguzi wa 2008, zikasomwa upya kuona zinamtaka nani baada yake. Akapatikana Chris Bourke, daktari wa meno, mwenyeji wa asili wa kwanza kuingia katika Baraza hilo. Yaani zile namba za chini ambazo dada alikuwa anaziogopa ndizo zilizomwingiza.

Sisemi mfumo hauna kasoro. Kiti cha tano kinaweza kusubiriwa siku kadhaa. Pia mtu akiwa na wabunge watano, kila mmoja anaweza kudhani mwenzake ameshashughulikia, na wewe huna wa kumkaba koo peke yake. Halafu hesabu ni ndefu mno kwa mkono. Tangu 2001 inafanywa kwa kompyuta, na wataalamu wa nje walioipitia programu hiyo wamewahi kuonesha makosa ndani yake. Kwangu mimi, mfumo ambao mwananchi hawezi kuurudia kwenye karatasi nyumbani kwake unadai uaminifu mkubwa sana.

Lakini tazama waliopita Ginninderra 2024: Labor wawili, Liberal wawili, Greens mmoja. Kwetu jimbo kama hilo lingepata mmoja tu, na wapiga kura wa vyama vingine viwili wangerudi nyumbani mikono mitupu. Hapa karibu kila mtaa una mtu wake barazani, na anajua kwamba mwenzake wa chama anamnyemelea, kwa hiyo simu anapokea.

Sisi tulio na viza ya masomo hatupigi kura. Ila tunapanga nyumba, tunapanda mabasi, tunatembea kwenye njia zisizo na taa, na hakuna kinachokuzuia kumwandikia mjumbe wa jimbo unaloishi. Waandikie wote watano, na katika kila barua taja kwamba wengine wanne nao umewaandikia.

Dada alikwenda kupiga kura asubuhi, alipotoka zamu. Aliandika mpaka namba tisa. Nilipomuuliza alimpa nani ya kwanza akacheka, akasema kura ni siri, kaka.