Tashkent: Siku Moja Mkononi mwa Mwenyeji

Hakuna nyumba ya Kiislamu katika pwani yetu isiyolijua jina la Imam Bukhari. Twalisikia mimbarini, twalisikia katika darsa za wanawake baada ya Alasiri, na watoto wetu hulitamka madrasani kabla hawajaweza kuandika majina yao wenyewe. Hata hivyo, ni wachache miongoni mwetu waliowahi kuuliza Bukhara iko wapi. Sisi nasi hatukuuliza, mpaka usiku mmoja baada ya chakula mama yetu alipotugeukia akasema: "Wanangu, kila siku mwawanukuu watu hawa. Je, nchi yao hamtamani kuiona?"

Nchi hiyo leo yaitwa Uzbekistan, na mji wake mkuu ni Tashkent. Tulisafiri watu wanne kutoka Mombasa kupitia Ghuba: mama yetu, ambaye amevuka miaka sabini, sisi mabinti zake wawili, na kaka yetu aliyekuwa mahram wetu. Bukhara na Samarkand tulizizuru pia, na uzuri wake wajulikana na wengi. Lakini siku tunayotaka kuwasimulia ndugu wasomaji ni ile moja tuliyoitenga kwa mji mkuu, kwani ndiyo iliyotufunza jambo ambalo hatukuliendea.

Kwa nini tulitafuta mwongozaji wetu

Mwanzoni tulikusudia kujiunga na kundi la watalii wanaotembezwa kwa basi. Mama alikataa. Magoti yake hayawezi kukimbizana na vijana, na alisema kwamba mtu hawezi kusoma fatiha kaburini huku akipigiwa honi. Basi tukatafuta mwongozaji wa kwetu peke yetu, tukaweka masharti matatu: awe mwanamke, ajue historia ya dini ya mji wake, na asituchoshe kwa maduka. Gharama ilizidi ile ya basi, lakini ilipogawanywa kwa watu wanne haikutulemea.

Alitufikia hotelini saa mbili asubuhi, mwanamke wa makamo, kilemba chepesi kichwani. Hakutupa mkono. Aliweka kiganja cha kulia kifuani, akainama kidogo na kutoa salamu ile ile tunayoitoa sisi. Mama alimwita "binti yangu". Naye, alipotafsiriwa na kaka yetu kwa Kiingereza, akamwita mama "oyijon", yaani mama mpenzi. Tangu hapo hapakuwa na mgeni na mwenyeji, ila watu wa nyumba moja wanaotembea pamoja.

Kaburi la mwanachuoni wa Kishafii

Alianza nasi katika eneo la Hazrati Imam, moyo wa mji wa kale. Kuna uwanja mpana, msikiti mkubwa uliojengwa mwaka 2007, madrasa ya Barak Khan ya karne ya 16, na kando kidogo, kaburi lenye kuba la Abu Bakr Kaffal Shashi. Shash ndilo jina la kale la Tashkent. Mwanachuoni huyu aliishi katika karne ya 10, akasafiri mbali kutafuta elimu, akarudi kwao kufundisha.

Mwongozaji aliposema kwamba Kaffal Shashi alikuwa Mshafii, mama alimsimamisha na kumtaka arudie. Watu wa Uzbekistan leo hufuata madhehebu ya Imam Abu Hanifa, ilhali sisi wa pwani tumelelewa juu ya madhehebu ya Imam Shafii. Kumbe katika mji huu wa mbali, uliozungukwa na nchi kavu, alizikwa mmoja wa nguzo za fikihi tunayosomeshwa sisi wa pwani ya Bahari ya Hindi. Tulisoma fatiha. Hapakuwa na aliyetuharakisha.

Msahafu na herufi zilizopotea

Katika eneo hilo hilo, ndani ya maktaba ya Muyi Muborak, tuliuona Msahafu mashuhuri wa Tashkent. Umeandikwa juu ya ngozi kwa herufi kubwa za Kikufi zisizo na irabu, na zilizobaki ni sehemu tu ya kurasa zake. Mapokeo husema ni mmoja wa Misahafu iliyoandikwa kwa amri ya Sayyidna Uthman (R.A.), wachunguzi wengi wa hati za kale huukadiria kuwa wa karne ya 8 hivi. Mwaka 1869 Warusi waliokuwa wameiteka nchi waliuchukua wakaupeleka Saint Petersburg. Uliletwa Tashkent katika miaka ya 1920.

Tulisimama mbele ya kioo kwa muda. Ndipo mwongozaji wetu akatueleza, kwa sauti ya chini, habari ambayo haikuandikwa katika kibao chochote.

Katika zama za utawala wa Kisovieti misikiti mingi ilifungwa au ikageuzwa maghala. Madrasa zilizoruhusiwa katika dola lote zima zilihesabika kwa vidole vya mkono mmoja. Na juu ya hayo, herufi zilibadilishwa. Mpaka miaka ya 1920 Kiuzbeki kiliandikwa kwa herufi za Kiarabu. Mwishoni mwa muongo huo zikaletwa za Kilatini. Mwaka 1940 zikaja za Kirusi. Na baada ya uhuru wa mwaka 1991, sheria ya mwaka 1993 ikarejesha za Kilatini. "Bibi yangu mzaa mama," alisema, "alikuwa na vitabu vya baba yake ndani ya ukuta, vimepigwa plasta juu. Mama yangu alipovitoa, hakuweza kusoma hata mstari. Mimi nilijifunza alifu nikiwa na watoto wawili."

Tulimwuliza dini ilibakije, basi. Akatuambia habari za wanawake waitwao otinoyi. Hawa ni walimu wa kike waliowasomesha wasichana na wanawake wenzao majumbani: sura fupi, dua, maulidi, adabu za harusi na za msiba. Hawakuwa na jengo wala cheo. Msikiti ulipofungwa, serikali ilijua mlango wa kuutia kufuli. Lakini mwanamke aliyehifadhi Yasini kifuani, anayekutana na jirani zake kwa chai, hana mlango wa kufungwa. Bibi yake mwongozaji wetu alikuwa mmoja wao.

Soko, mkate na chai

Kutoka hapo tulikwenda Chorsu, soko kuu lililo chini ya kuba kubwa la buluu. Tuliona zabibu kavu za rangi kadhaa, lozi, bizari, na karoti za manjano zinazokatwa vijiti vyembamba kwa ajili ya pilau. Wao huiita osh au palov; ni jamaa wa karibu wa pilau yetu, ila wao hutia karoti nyingi na viungo vichache. Tulicheka tuliposikia kwamba pilau ya harusi, kama kwetu, hupikwa katika chungu kikubwa na wapishi wa kiume.

Mkate wao ni wa mviringo, hupigwa mhuri wa vitundu katikati ili usiumuke, kisha hubandikwa kwenye ukuta wa ndani wa tanuri. Mkate haulazwi kifudifudi. Ni kuukosea heshima. Chai nayo ina adabu yake. Humiminwa katika kibakuli na kurejeshwa buli mara tatu kabla ya kunywewa, na mgeni hutiliwa kidogo kidogo. Akijaziwa mpaka juu, ameambiwa kwa upole kwamba muda wa kuondoka umefika. Mama alipokea vibakuli sita, vyote nusu.

Masikio yetu nayo yalikula karamu. Kitabu wao husema kitob, wakati ni vaqt, dunia ni dunyo, habari ni xabar. Ahsante yao ni rahmat. Mtaa huitwa mahalla, neno lililozaliwa nyumba moja na mahali petu.

Mji uliojengwa upya

Baada ya Adhuhuri tulishuka katika treni ya chini ya ardhi, iliyofunguliwa mwaka 1977, ya kwanza katika Asia ya Kati. Vituo vyake vina nguzo za marumaru na dari za nakshi. Kimoja kimepewa jina la mshairi Alisher Navoiy. Mpaka mwaka 2018 ilikatazwa kupiga picha humo.

Tuliibukia karibu na mnara wa ukumbusho wa tetemeko la ardhi. Tarehe 26 Aprili 1966, saa 11 na dakika 23 alfajiri, ardhi ilitikisika chini ya mji, na watu takriban 300,000 wakabaki bila makao. Pale pana jiwe jeusi lililopasuka, lenye uso wa saa unaoonyesha wakati huo, na sanamu ya mwanamume akimkinga mwanamke na mtoto. Barabara pana na majumba marefu ya Tashkent ya leo yalizaliwa na alfajiri hiyo. Ndiyo maana anayetafuta mji wa kale kwa macho matupu huondoka akidhani haukuwako. Yataka mtu wa kumwonyesha.

Kituo cha mwisho kilikuwa nyumba ya makumbusho ya sanaa za mikono. Humo tuliona suzani, vitambaa vilivyotariziwa maua kwa hariri. Mama na binti walivishona miaka mingi kwa ajili ya mahari ya nyumba. Hapo ndipo mwongozaji alipotusimulia habari za mwaka 1927, serikali ilipoanzisha kampeni ya kuwavua wanawake paranji, vazi lililowafunika mwili na uso. Waliovua, wengi waliuawa, baadhi yao na jamaa zao wenyewe. Waliokataa kuvua walisumbuliwa na maofisa. "Kila upande ulisema unamtetea mwanamke," alisema, "na hakuna upande uliomwuliza." Sisi tuliovaa mabuibui yetu kwa hiari tulinyamaza.

Kwa anayenuia kwenda

Msimu mzuri ni wa kuchipua na wa kupukutika majani. Kiangazi joto huweza kupita nyuzi 40. Mwombeni mwongozaji wa kike mapema, na mkubaliane kwa maandishi kuhusu saa, usafiri, viingilio na chakula. Sehemu nne kwa siku zatosha. Wanawake wa huko kwa desturi husali nyumbani, kwa hivyo msitarajie kila msikiti uwe na nafasi yao. Sisi tulijumlisha Adhuhuri na Alasiri kwa ruhusa ya msafiri. Chukueni zawadi ndogo. Mama alimpa mwenyeji wetu halua na leso, naye hakuikunja mpaka aliposomewa na kufasiriwa maneno yake.

Sanduku la mama

Jioni ile, njiani kurudi hotelini, mama hakusema neno. Tulidhani amechoka. Tulipofika chumbani akatuuliza: "Barua za babu yenu, nani kati yenu azisoma?"

Barua hizo twazijua. Ziko katika sanduku la mbao chini ya kitanda chake, zilizoandikwa Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, kama walivyoandikiana wazee wetu wa Lamu na Mombasa vizazi na vizazi. Tumehitimu vyuo, twaisoma Qur'ani, lakini hati ile ya mkono, yenye Kiswahili ndani yake, hutushinda kwenye mstari wa kwanza. Kwetu hapakuwa na askari wala amri. Hapakuwa na aliyetupigia plasta ukutani. Tulikuwa na shughuli tu.

Tumerudi sasa miezi minne. Kila Alhamisi baada ya Isha mama hufungua sanduku na kutoa barua moja. Watoto hukaa mbele, sisi nyuma. Ya kwanza ilituchukua wiki tatu. Babu alikuwa akiuliza bei ya nazi na kumsalimia kila mtu kwa jina. Zimebaki arobaini na mbili, na mama ametuambia kwamba kuanzia Alhamisi ijayo yeye atanyamaza, tusome sisi.