Je, Wajua? King'amuzi Kinaweza Kuwa Programu Tu

Je, wajua kwamba orodha ya chaneli za runinga ya intaneti si video bali ni faili la maandishi? Aina iliyozoeleka ni M3U. Ukilifungua utakuta mstari wa kwanza #EXTM3U, kisha majina ya chaneli na anwani zake. Picha zenyewe zinatoka kwenye seva ya mbali. Anwani ikizimwa, chaneli imepotea hata kama orodha bado unayo.

Njia nyingine ya kupata orodha ni programu za kuiga king'amuzi: nyingi hujitambulisha kwa seva kama ving'amuzi vya MAG vya kampuni ya Infomir, kwa namba ya MAC (namba ya utambulisho wa kifaa) inayoanza na 00:1A:79. Seva ikiitambua namba hiyo, yenyewe huleta orodha.

Kwa wenye vibanda umiza vya Kakola, Kahama au Katoro, hesabu kubwa ni ya bando. Dishi la setilaiti halili bando hata kidogo. Mechi ya dakika 90 kwa picha ya megabiti 2 kwa sekunde hula kama GB 1.35; ukitaka picha safi ya megabiti 5, ni karibu GB 3.4. Na kuna jambo ambalo kila mwenye kibanda anastahili kulijua kabla hajalipa: programu si kosa, ila orodha za bei ya kutupa mtaani mara nyingi hubeba mechi ambazo muuzaji hana haki nazo. Kwa Ligi Kuu Bara, kwa mfano, mwaka 2021 Azam Media iliingia mkataba wa miaka 10 wa kuionyesha.