Makaratasi ya Fustat, Sehemu ya Pili: Yaliyodhaniwa Hayafai

Juma lililopita tulimwacha msomi Solomon Schechter ndani ya sinagogi la Ben Ezra, huko Fustat, mji mkongwe ambao leo ni sehemu ya Kairo, akichambua makaratasi huku vumbi likimkaba koo. Alivisafirisha hadi Cambridge vipande vipatavyo 193,000. Sasa tuulize: vipande hivyo vinasema nini?

Schechter mwenyewe alitamani vitabu. Kilichomtoa Uingereza mwaka 1896 ni ukurasa mmoja wa hekima ya Ben Sira kwa Kiebrania, ulioletwa na mapacha Agnes Lewis na Margaret Gibson. Barua za wafanyabiashara hazikuwa shabaha yake, na makasha mazima yalibaki maktabani kwa kuhesabiwa mabaki yasiyo na thamani. Nami nasema bila kusita kwamba humo ndimo ilimokuwa hazina kubwa zaidi.

Kwanza tuelewe yalivyofika pale. Wayahudi hawatupi maandishi yenye jina la Mungu. Yakichakaa huhifadhiwa geniza, yaani chumba cha akiba, yangoje kuzikwa kwa heshima. Msomaji Mwislamu atalielewa hili upesi, maana msahafu uliochakaa nao hautupwi jalalani. Watu wa Fustat walizidisha: walitia humo karibu kila kitu chenye herufi za Kiebrania, kuanzia Taurati hadi hesabu za duka, hati za ndoa, talaka, orodha za maskini waliogawiwa mikate, na mazoezi ya watoto waliojifunza kusoma. Nyingi ya barua zilizomo ni za Kiarabu kilichoandikwa kwa herufi za Kiebrania, jinsi wazee wetu wa Lamu na Pate walivyoandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu. Wengi wa waandishi wake waliishi kati ya karne ya 10 na ya 13. Hewa kavu ya Misri ikayahifadhi.

Aliyeyafungua makaratasi haya kwa ulimwengu ni S. D. Goitein, mzaliwa wa Ujerumani, mtaalamu wa Kiarabu na Uislamu. Aliyasoma zaidi ya miaka thelathini, na juzuu za kitabu chake kuhusu jamii ya Mediterania zilianza kutoka mwaka 1967. Kupitia kwake tunamfahamu Wuhsha, mwanamke dalali wa Fustat wa miaka ya 1100 hivi, ambaye wanahistoria wa wafalme wasingelitaja hata jina lake. Alikopesha fedha, akaingia ubia katika misafara ya biashara, akatajirika. Baada ya talaka alizaa mtoto na mwanamume ambaye ndoa yao haikutambulika mbele ya jumuiya, na siku ya toba, iliyo kuu kuliko zote, akafukuzwa sinagogini. Wosia wake umebaki. Ameagiza mwanawe atafutiwe mwalimu, na ametoa sadaka kwa masinagogi, likiwemo lile lililomfukuza, pamoja na fedha za mafuta ya taa ili watu wasome usiku. Nani angeweza kubuni habari kama hii? Hakuandika ili sisi tumsome. Alikuwa akiweka sawa mambo ya nyumba yake, na ndiyo maana namwamini kuliko tarehe nyingi zilizoandikwa kwa amri ya masultani.

Ipo pia barua ya Daudi bin Maimon, mdogo wake Musa bin Maimon, mwanafalsafa na tabibu mashuhuri aliyefariki mwaka 1204. Daudi aliiandika akiwa Aydhab, bandari ya Bahari ya Shamu. Anamsimulia kaka yake jinsi yeye na mwenzake walivyovuka jangwa bila msafara, jambo la hatari kubwa, wakafika salama; ule msafara waliouacha nyuma ukaporwa na watu wakafa, wengine kwa kiu. Bandarini hakupata cha kununua isipokuwa nili, basi akaazimia kuendelea hadi Bara Hindi. Anamwomba kaka asihofu. Bahari ya Hindi ikammeza Daudi pamoja na mali ya nyumba nzima. Musa akaugua kitandani karibu mwaka mzima, na miaka kadhaa baadaye alieleza kwamba kila aonapo mwandiko wa nduguye huzuni humrudia upya. Mwandiko huo sasa uko Cambridge, na yeyote aweza kuutazama.

Bahari hiyo iliyommeza Daudi ni yetu pia. Pepo za msimu zilizoleta majahazi Kilwa na Mogadishu ndizo zilizomvusha Ibrahimu bin Yiju, mzaliwa wa Mahdiyya, Tunisia, hadi Mangalore, Bara Hindi, alikokaa kuanzia takriban mwaka 1132 hadi 1149. Huko alikuwa na karakana ya shaba. Wateja wake wa Aden walimpelekea vyombo vilivyovunjika ili avifue upya, wakitaja uzito na umbo walilotaka. Wakamtumia pia sukari, zabibu kavu na karatasi, bidhaa iliyokuwa adimu kwake. Kwa uhaba huo aliandika hesabu na rasimu zake kwenye nafasi tupu za barua alizopokea.

Karatasi hutumika mara mbili, na hapo ndipo watafiti wa leo wanapochimba. Kwa muda mrefu iliaminiwa kwamba kumbukumbu za dola ya Wafatimi, waliotawala Misri hadi 1171, zilipotea. Mwanahistoria Marina Rustow, katika kitabu alichokitoa mwaka 2020, ameonyesha kwamba sehemu yake imo genizani. Amri za khalifa ziliandikwa kwa herufi kubwa, mistari ikiachana sana. Zilipokwisha kazi zilikatwa vipande, na waandishi wa Kiyahudi wakajaza sala na mashairi kwenye nafasi zilizobaki na upande wa nyuma. Wasomi waliotangulia walisoma Kiebrania wakapita. Sasa vipande vya amri moja, vyenye namba tofauti za maktaba, vinaunganishwa tena kwa picha na kompyuta, na sauti ya afisa wa serikali inasikika nyuma ya sala.

Sehemu ya tatu itatupeleka Girona, Hispania, na miji ya Italia, ambako kurasa za Kiebrania zilitumiwa kutengenezea majalada ya vitabu vya watu wengine.