Jirani Zetu: Amri ya Kulifikiria Ombi

Mara kwa mara husikika katika habari kutoka Kenya kwamba Mahakama Kuu imeiamuru wizara au idara fulani ilishughulikie ombi la mwananchi. Wako wasikilizaji, hasa walio katika utumishi wa kupokea na kutoa amri, wanaodhani kwamba mwananchi huyo amekwisha kupewa alichokitaka. Sivyo.

Amri hiyo wanasheria huiita mandamus, neno la Kilatini lenye maana ya "tunaamuru". Ni urithi wa sheria ya Uingereza, nasi hapa Tanzania tunayo. Inamlenga ofisa ambaye sheria imemkabidhi kazi, naye haitimizi. Mwaka 1997 Mahakama ya Rufani ya Kenya, katika shauri lililolihusu Baraza la Mitihani la nchi hiyo, ilieleza mpaka wake: mwenye wajibu aweza kulazimishwa autimize, lakini ikiwa sheria imemwachia hiari ya namna ya kuutimiza, mahakama haitamchagulia namna. Basi ofisa aliyeamriwa kulifikiria ombi la leseni aweza bado kulikataa, mradi ana sababu halali. Asiloweza ni kulifungia jalada kabatini na kunyamaza.

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 imeutia nguvu msingi huo. Ibara ya 47 humpa kila mtu haki ya kutendewa na watawala kwa haraka, kwa mujibu wa sheria na kwa utaratibu wa haki. Na ambaye haki yake yaelekea kudhurika ana haki ya kuelezwa sababu kwa maandishi. Sheria iliyotungwa mwaka 2015 ikafafanua kwamba hata kutotenda kwa mtawala kwaweza kufikishwa mahakamani.

Je, askari? Ibara ya 24 inaruhusu sheria kuwawekea wanajeshi na polisi wa Kenya mipaka katika haki kadhaa zilizotajwa, ikiwamo ile ya ibara ya 37 ya kuandamana na kupeleka maombi kwa wenye mamlaka. Lakini ibara ya 47 haimo katika orodha hiyo. Tofauti hii si ndogo kwa askari anayedai malipo yake ya uzeeni.

Wapo wanaoibeza amri hii, wakisema mtu huhangaika mahakamani kisha akaambulia barua ya kukataliwa. Ni kweli hutokea. Hata hivyo barua yenye sababu yaweza kupingwa mbele ya jaji. Ukimya ni vigumu kuupinga. Naye ofisa anayeidharau amri aweza kufungwa.

Mwombaji naye ana sharti lake. Hapa kwetu, katika shauri dhidi ya Mkuu wa Mkoa wa Kagera lililoamuliwa mwaka 1986, Mahakama Kuu ilitaja kwamba mwombaji awe kwanza amedai wajibu utimizwe, akakataliwa. Ndiyo sababu nakala ya barua ya maombi, yenye mhuri wa masjala na tarehe ya kupokelewa, haifai kutupwa.