Ziara ya Mapango ya Amboni na Maji Moto: Tembea Ujionee, Lakini Linda Afya Yako



 Katika safu hii leo tutazungumzia jambo ambalo vijana wetu, madrasa zetu na vikundi vya akina mama wanalipenda sana, hasa baada ya Idd na wakati wa likizo. Nalo ni ziara ya siku moja kwenda kutazama maajabu ya maumbile: mapango, mito na chemchemi za maji moto.

Kutembea na kutazama si jambo baya. Qur'an katika Surat al-Ankabut, aya ya 20, inatuamrisha tutembee katika ardhi tuangalie jinsi Allah alivyoanzisha uumbaji. Lakini Qur'an hiyo hiyo, katika Surat al-Baqara, aya ya 195, inatukataza kujitia wenyewe katika maangamizi. Safari njema ni ile inayokusanya mambo yote mawili: mazingatio na tahadhari.

Mfano wetu leo ni Tanga. Kiasi cha kilomita 8 kaskazini mwa mji wa Tanga, kando ya barabara iendayo Horohoro na Mombasa, yapo Mapango ya Amboni. Si mbali na hapo zipo chemchemi za maji moto ya kiberiti ziitwazo Galanos, kwa jina la mkulima wa mkonge wa Kigiriki aliyekuwa na mashamba upande ule. Mwenye nafasi huweza kuongeza magofu ya Tongoni, kiasi cha kilomita 20 kusini mwa mji, akaone msikiti wa kale na makaburi yenye nguzo ya Waislamu waliotutangulia. Yote hayo yanawezekana kwa siku moja.

MAAJABU HAYA YAMETOKANA NA NINI?

Mapango ya Amboni ni ya mawe ya chokaa yenye umri wa takriban miaka milioni 150. Maji ya mvua yanapopita hewani na katika udongo huchukua hewa ya ukaa na kuwa na ukali kidogo. Ukali huo huyeyusha chokaa pole pole, kwa maelfu na maelfu ya miaka, mpaka panabaki vyumba na njia ndani ya mwamba. Chokaa iliyoyeyuka hudondoka tone kwa tone na kuganda, ndiyo maana utaona mawe yananing'inia kama mishumaa.

Maji moto nayo mengi asili yake ni mvua. Maji huzama chini sana kupitia nyufa za miamba. Kila unaposhuka kilomita moja ardhini joto huongezeka kwa nyuzi 25 hadi 30 hivi za Selsiasi. Maji yakishapata moto hupanda juu tena kupitia nyufa nyingine, yakiwa yamebeba madini ya huko chini. Ile harufu ya mayai viza ni gesi yenye salfa. Subhanallah! Tone moja la mvua limefanya safari ndefu kuliko yetu sote.

JE, MAJI YA KIBERITI NI DAWA?

Hili ndilo swali kubwa, na ndilo linaloleta madhara mengi. Wapo wanaokwenda Galanos na kwenye maji moto mengine wakiamini yanatibu kila maradhi. Ukweli ni huu:

1. Maji ya vuguvugu hulegeza misuli na kupunguza maumivu ya viungo kwa muda. Hilo ni kweli, nawe ukioga maji ya vuguvugu nyumbani utapata faida hiyo hiyo.

2. Salfa imetumika katika dawa za ngozi. Ipo dawa ya kupaka ya salfa kwa ajili ya upele. Lakini hiyo imepimwa kiwango chake, na maji ya chemchemi hayakupimwa kwa ajili ya kukutibu.

3. Maji haya hayatibu kisukari, presha, kifafa, kifua kikuu wala Ukimwi. Anayeacha vidonge vyake kwa sababu ameoga maji moto anajidhulumu. Mtume (S.A.W.) ametuhimiza tujitibu, na kutumia dawa iliyothibiti ni katika kutekeleza himizo hilo.

4. Usiyanywe. Chemchemi nyingi za Afrika Mashariki, hasa za upande wa Bonde la Ufa, zina madini ya floraidi kupita kiasi. Shirika la Afya Duniani linaelekeza yasizidi miligramu 1.5 kwa lita. Yakizidi kwa muda mrefu huharibu meno ya watoto na hata mifupa.

NANI ASIINGIE KATIKA MAJI MOTO?

Mwenye kisukari. Huyu namtaja wa kwanza kwa makusudi. Kisukari cha miaka mingi huharibu mishipa ya fahamu ya miguu, na mguu ukawa na ganzi. Mgonjwa huyu hutumbukiza miguu katika maji ya moto akasema "mbona ni ya kawaida tu", huku ngozi inaungua. Jioni anaona malengelenge. Baada ya wiki ni kidonda. Kidonda cha kisukari kisipowahiwa huweza kuishia kukatwa mguu. Na wapo kati yao waliokwenda kutafuta dawa ya ganzi hiyo hiyo! Ndugu, kama baba au mama yako ana kisukari, mwache akae kivulini na viatu vyake miguuni, afurahie mandhari.

Mwenye presha au maradhi ya moyo. Joto hutanua mishipa ya damu na presha hushuka ghafla. Akisimama kwa haraka hupata kizunguzungu na kuanguka, pengine ndani ya maji. Anayetumia vidonge vya presha yuko hatarini zaidi.

Mama mjamzito. Joto la mwili likipanda sana, hasa miezi mitatu ya mwanzo, linaweza kudhuru uti wa mgongo na ubongo wa mtoto.

Watoto wadogo. Ngozi yao ni nyembamba, huungua upesi kuliko mtu mzima.

Mwenye kidonda kibichi, homa au anayeharisha. Huyu atajidhuru na atawadhuru wenzake.

Kwa mtu mzima mwenye afya, maji ya kuoga yasizidi nyuzi 40, na dakika 10 hadi 15 zinatosha. Maji ya nyuzi 60 huunguza ngozi vibaya kwa sekunde 5 tu. Tena joto la chemchemi hutofautiana hatua kwa hatua: hapa vuguvugu, mbele kidogo yanachemka. Kule Ziwa Bogoria, Kenya, wageni huchemsha mayai katika chemchemi. Basi uliza mwongozaji kwanza, usijaribu kwa mguu. Usiiname wala kuingia katika shimo lenye harufu kali ya kiberiti. Gesi ile ni nzito kuliko hewa, hujikusanya mabondeni, na ikizidi huua uwezo wa pua kunusa. Harufu ikipotea ghafla usidhani gesi imekwisha.

UDHU KWA MAJI MOTO

Wengi huuliza kama maji yenye harufu ya kiberiti yanafaa kutawadhia. Wanachuoni wamesema kuwa maji yaliyobadilika kwa sababu ya kitu kilichomo katika asili yake au mapito yake, kama udongo na kiberiti, yanabaki kuwa safi na yenye kusafisha. Ama maji ya moto sana, katika madhehebu yetu ya Shafi ni makuruhu kutawadhia, kwani humzuia mtu kueneza maji vizuri, tena yana madhara. Yasubiri yapoe.

Lakini lipo jambo la kiafya ambalo watu wachache wanalijua. Katika maji baridi yasiyo ya chumvi yaliyopata uvuguvugu, mpaka nyuzi 46, anaweza kuishi kiumbe mdogo asiyeonekana aitwaye Naegleria fowleri, jamii ya amiba. Ukimnywa hakudhuru. Akiingia puani hupanda mpaka kwenye ubongo. Ugonjwa huu ni nadra sana, lakini karibu wote wanaoupata hufariki. Katika mji wa Karachi, Pakistani, wapo waliofariki ambao hawakuogelea popote, na wataalamu wakahusisha vifo hivyo na maji ya bomba yaliyopandishwa puani wakati wa udhu.

Basi fanya hivi: usipige mbizi wala kuzamisha kichwa katika maji moto, na usiyapandishe puani. Chukua chupa ya maji yaliyochemshwa kwa ajili ya kusukutua na kupandisha puani. Na kama huna, kupandisha maji puani katika udhu kwa madhehebu ya Shafi ni sunna, si nguzo, hivyo udhu wako unasihi bila hiyo. Mtu akipata homa, kichwa kikali, kutapika na shingo kukakamaa ndani ya siku 12 baada ya kuoga, awahi hospitali na amweleze tabibu kuwa aliingia katika maji ya namna hii. Asikae nyumbani akidhani ni malaria.

Kuhusu sala, anayetoka Tanga mjini kwenda Amboni hapunguzi sala, kwani masafa hayafiki kilomita 80 na zaidi ambazo wanachuoni wengi wamezitaja. Aliyetoka Dar es Salaam au Mombasa ana ruhusa ya kupunguza na kukusanya.

MTO NA KICHOCHO

Vijana wakitoka kwenye maji moto hupenda kujitupa mtoni wapoe. Tahadhari! Ukanda wetu wa pwani una kichocho cha mkojo. Vimelea hutoka katika konokono wa maji yaliyotulia na kupenya ngozi bila ya wewe kuhisi. Mkojo wenye damu, hata baada ya miezi, ni dalili ya kwenda kupimwa. Tiba ipo, ni vidonge vya prazikwanteli.

Na kichocho huendeleaje? Kwa watu kukojoa na kujisaidia majini. Hapa utaona hekima ya dini yetu: Mtume (S.A.W.) alitutahadharisha na kujisaidia kwenye vyanzo vya maji, njiani na kivulini, akaeleza kuwa ni mambo yaletayo laana. Kikundi kinachochafua chemchemi kimeharibu ziara yake hata kama kilisali jamaa.

NDANI YA PANGO

Vaa raba au viatu vyenye kushika, si kandambili, kwani mwamba huteleza. Kila mtu awe na tochi. Mwenye pumu achukue dawa yake ya kuvuta, na akijisikia vibaya atoke.

Mapangoni wapo popo. Usiwashike, usiwarushie mawe, usikanyage kinyesi chao kwa makusudi na kutimua vumbi. Katika vumbi hilo huweza kuwa na fangasi wa mapafu. Popo wala matunda hubeba kirusi cha Marburg. Mwaka 1980 na 1987 watu wawili waliougua Marburg walikuwa wametembelea pango la Kitum, Mlima Elgon, Kenya, na mwaka 2008 mtalii kutoka Uholanzi alifariki baada ya kuingia pango lenye popo nchini Uganda. Hii si sababu ya kuogopa kila pango, bali ni sababu ya kumfuata mwongozaji, kutogusa, na kunawa kwa sabuni ukitoka. Popo akikuuma, osha jeraha kwa maji na sabuni dakika 15, kisha nenda hospitali kwa chanjo ya kichaa cha mbwa.

Utaona pia watu wameacha sadaka na marashi kwa imani ya mizimu. Muislamu hana haja ya hayo. Aliyeumba pango ndiye aombwaye.

MAANDALIZI YA KIKUNDI

1. Watu wawe wachache. Kundi la watu 8 hadi 12 linahesabika, linasikia maelezo, na hakuna mtoto atakayesahaulika gizani. Kama mmejaza kosta nzima, jigaweni. Chagueni amiri, kama tulivyofundishwa kuhusu wasafiri watatu na zaidi, naye ahesabu watu kabla na baada ya kila kituo.

2. Wanaume na wanawake waoge kwa zamu, na kila mmoja alinde utupu wake. Dada zetu wasiingie maji ya kina na buibui. Likilowa huwa zito na kuvuta mtu chini. Nguo ya kusitiri iliyo nyepesi inatosha, na maji yasizidi magoti. Ulizeni pia wenyeji kama mto una mamba.

3. Chakula. Pilau lililopikwa usiku na kufungiwa katika ndoo mpaka Adhuhuri ni sumu inayonukia vizuri. Wali ukikaa katika joto huotesha vijidudu vyenye sumu isiyoondoka hata ukipasha moto. Chukueni chapati, mihogo ya kukaanga, mayai ya kuchemsha yenye maganda yake, tende na ndizi. Kila mtu awe na maji safi lita 2 au 3.

4. Sanduku la huduma ya kwanza: pakiti za ORS, dawa ya maumivu, bandeji safi, sabuni na dawa za kila mgonjwa.

5. Aliyeungua amwagiwe maji safi ya kawaida yanayotiririka kwa dakika 20. Msimpake dawa ya mswaki, yai, mafuta wala unga. Msipasue malengelenge. Mfunikeni kwa kitambaa safi, mumpeleke hospitali.

Ndugu msomaji, afya ni amana, nasi tutaulizwa juu yake. Kabla ya kulipa nauli ya ziara, kaeni na wazazi wenu muulizane nani ana kisukari, nani ana presha, nani ni mjamzito. Mazungumzo ya dakika tano yanaweza kuokoa mguu wa mtu.