Reli Imeng'olewa, Mpaka Umebaki

Roetgen ni mji mdogo wa Ujerumani, kusini mwa Aachen. Ubavuni mwake inapita njia ya baiskeli ya lami, nyembamba, yenye vichaka huku na huku. Mtu akitoka upande wa mashariki kwenda kumjulia hali rafiki yake anayekaa upande wa magharibi, hana budi kuivuka. Na kila anapoivuka huingia Ubelgiji, akapiga hatua chache, kisha akarudi Ujerumani. Hakuna kizuizi wala askari wa kumwomba pasipoti. Kipande kile cha ardhi ni cha Ubelgiji kwa sababu zaidi ya miaka mia moja iliyopita palikuwa na reli juu yake. Reli haipo tena. Ubelgiji bado ipo.

Je, wajua ilikuwaje?

Reli yenyewe iliitwa Vennbahn, maana yake reli ya Venn. Venn ni uwanda wa juu wenye maji yaliyotuama na udongo mweusi wa mimea iliyooza, ule ambao watu wa zamani waliukata vipande, wakaukausha na kuuchoma kama kuni. Ni mahali pa ukungu, mvua na upepo. Kilele chake, Botrange, kina mwinuko wa mita 694 tu, lakini hakuna mahali palipo juu zaidi katika Ubelgiji nzima. Zamani hizo eneo hili lilikuwa chini ya Prusia, dola kubwa ndani ya Ujerumani, na ni serikali ya Prusia iliyoijenga reli. Kipande cha kutoka Aachen hadi Monschau kilifunguliwa mwaka 1885; kufikia 1889 njia ilikuwa imefika Troisvierges, ndani ya Luxemburg. Makaa ya mawe ya Aachen yakawa yanashuka kusini kwenye matanuri ya chuma ya Luxemburg na Lorraine, na mawe yenye madini ya chuma yakawa yanapanda kaskazini. Waliochagua mahali pa kupitisha reli waliangalia milima na mabonde, basi. Hawakuwa na mpaka wa kuuwazia hadi Luxemburg.

Kisha ikaja Vita Kuu ya Kwanza, na Ujerumani ikashindwa. Mkataba wa Versailles wa 1919 uliipa Ubelgiji wilaya mbili za Prusia, Eupen na Malmedy. Wenyeji waliambiwa kwamba asiyetaka kuwa Mbelgiji aende akaandike jina lake hadharani katika daftari lililowekwa mbele ya maofisa walewale waliokwisha kuitwaa nchi. Kati ya watu 33,726 waliokuwa na haki ya kuandika, walioandika ni 271. Binafsi siwezi kuiita hiyo kura. Mtu anayejua kwamba kesho atahitaji kibali cha ofisi ileile hawezi kusema lililo moyoni mwake.

Eupen ipo kaskazini, Malmedy ipo kusini, na katikati ndiyo hiyo Venn yenye matope. Reli iliyoziunganisha ni Vennbahn. Tatizo ni kwamba baada ya stesheni ya Raeren, iliyoangukia Ubelgiji, reli ilikata kona ikaingia wilaya ya Monschau, iliyobaki Ujerumani, ikapita vijiji kadhaa vya Wajerumani, halafu ikarudi tena katika ardhi ya Ubelgiji karibu na Kalterherberg. Kwa hiyo treni ya Mbelgiji kutoka mji wake mmoja kwenda mwingine ingelazimika kupita nchi ya adui wa jana. Tume ya kuchora mpaka, ambayo wajumbe wake wengi waliteuliwa na mataifa yaliyoshinda vita, iliamua mwezi Machi 1920 kwamba reli iwe ya Ubelgiji. Haikusema haki ya kupita. Haikusema ukodishaji. Ilisema ardhi yenyewe: tuta la reli, mataruma, kokoto na majengo ya stesheni. Ujerumani ilipinga vikali, mazungumzo yakaendelea, na kufikia 1922 mpaka ukawa umekamilika: reli kwa Ubelgiji, vijiji vya pembeni kwa Ujerumani.

Ili uelewe kilichotokea, chukua karatasi, uigawe kwa mstari wa wima. Kushoto andika Ubelgiji, kulia andika Ujerumani. Sasa chora uzi mwembamba unaotoka kushoto, unaovuka mstari, unaojipinda ndani ya upande wa kulia, kisha unaorudi kushoto. Uzi huo ni Ubelgiji. Lakini tazama kile kipande kilichobaki kati ya uzi na mstari wako wa kwanza. Ni Ujerumani, na kimezungukwa na Ubelgiji pande zote: upande mmoja Ubelgiji halisi, upande mwingine Ubelgiji yenye upana wa tuta la reli. Ni kisiwa katika nchi kavu.

Visiwa vya namna hiyo leo ni vitano: Munsterbildchen, Rötgener Wald, Rückschlag, Mützenich na Ruitzhof. Mützenich ndicho kikubwa kuliko vyote, hekta zaidi ya 1,200, kijiji kamili chenye watu wapatao 2,000 ambao kiserikali wako chini ya mji wa Monschau. Rückschlag ni kinyume chake kabisa: ni makazi ya nyumba moja na bustani yake, hekta moja na nusu hivi. Nimelitafakari sana hilo. Wanadiplomasia walikaa Paris kuamua hatima ya himaya, na mstari waliouanzisha ukaishia kuizungushia nyumba ya watu nchi ya kigeni.

Mwaka 1940 Hitler aliirudisha Eupen na Malmedy Ujerumani kwa nguvu, na visiwa vikafutika kwa miaka minne. Tarehe 12 Septemba 1944 askari wa Marekani waliingia Roetgen, mji wa kwanza wa Ujerumani kutekwa na majeshi ya Magharibi katika Vita Kuu ya Pili, na vita ilipokwisha mipaka ya zamani ikarudi kama ilivyokuwa.

Ndipo zikaja siku za kahawa. Baada ya vita Ujerumani Magharibi iliitoza kahawa ushuru wa mark 10 kwa kilo, fedha nyingi mno kwa watu waliokuwa wakijenga upya nyumba zilizobomolewa. Ubelgiji kahawa ilikuwa rahisi. Watu wa Mützenich na vijiji jirani, waliozaliwa wakiijua Venn kila kidimbwi na kila njia ya mnyama, walianza kubeba mifuko mgongoni usiku. Waume kwa wake walibeba, na watoto pia. Magendo yalipokua, magari yaliingia kazini, na wafanya magendo wakawa wanamwaga misumari yenye ncha nne barabarani ili kutoboa magurudumu ya askari wa forodha. Forodha nao wakafunga mafagio mbele ya magurudumu ya gari lao la Porsche ili yafagie misumari huku wakikimbiza. Leo mtu anaweza kucheka, lakini risasi zilipigwa na watu walikufa kwa sababu ya kahawa. Katika kijiji cha Schmidt, kaskazini-mashariki mwa Monschau, kanisa lililobomolewa na vita lilijengwa upya kwa msaada wa fedha za magendo hayo, na wenyeji wakalibandika jina la Mtakatifu Moka. Mwaka 1953 serikali ilipunguza ushuru, na biashara ile ikafa karibu mara moja. Kilichoishinda bunduki kilitimizwa na karani wa kodi.

Reli nayo ilikuwa ikizeeka. Mpaka uliochorwa kwa ajili yake ndio uliochangia kuinyong'onyeza, kwa kuwa makaa na mawe ya chuma hayakupita tena ndani ya eneo moja la forodha kama zamani, na Luxemburg baada ya vita ile ya kwanza ilijitoa katika umoja wa forodha wa Ujerumani ikaungana na Ubelgiji. Madaraja yaliyolipuliwa mwaka 1944 hayakujengwa yote. Abiria walihamia mabasi na magari. Kuanzia 1990 hadi 2001 treni za watalii zilijaribu kuitunza roho yake, zikashindwa, na mwaka 2007 na 2008 reli iling'olewa katika sehemu kubwa ya njia.

Hapo wengi waliuliza swali ambalo hata mimi ningeuliza: ardhi ilitolewa kwa sababu ya reli, reli ikiondoka, ardhi nayo si irudi? Jibu lilikuwa hapana. Mkataba wa mpaka ukishakubaliwa, hauangalii tena sababu iliyouzaa. Hakuna kifungu kilichosema kwamba tuta ni la Ubelgiji maadamu treni inapita, na kati ya serikali hizo mbili hakuna iliyotaka kulifungua upya jambo lililokwisha. Naona walifanya vyema. Mpaka unaobadilika kila matumizi ya ardhi yanapobadilika ungekuwa chanzo cha ugomvi usiokwisha.

Sisi wa Afrika Mashariki tunayajua haya zaidi ya tunavyodhani. Mwaka 1902 Waingereza waliutoa mkoa wa mashariki wa Uganda, pamoja na Kisumu, wakautia katika himaya iliyokuja kuwa Kenya, na sababu iliyotajwa ni kuiweka reli yote kutoka Mombasa chini ya utawala mmoja. Mkataba uleule wa Versailles uliozigusa Eupen na Malmedy ndio ulioivua Ujerumani Afrika Mashariki yake, na Ubelgiji ileile ikapata Rwanda na Burundi. Waingereza wakaomba wapewe Gisaka, mashariki mwa Rwanda, ili wapitishe reli ya kutoka Cape hadi Cairo. Wakapewa. Watu wa Gisaka wakatenganishwa na mfalme wao kwa ajili ya treni ambayo haikuja kamwe, hadi eneo hilo liliporudishwa, kufikia 1924. Na mwaka 1921 Wabelgiji walipatiwa maeneo ya bandari Dar es Salaam na Kigoma, ya kudumu, kwa kodi ya faranga 1 kwa mwaka. Uhuru ulipokaribia, mwaka 1961, Nyerere alikataa Tanganyika huru ifungwe daima na ahadi ambazo haikuziweka yenyewe. Huko Roetgen hakuna aliyefika kusema neno kama hilo, na pengine ni kwa sababu hakuna tena anayeumia. Tangu makubaliano ya Schengen ya kuondoa ukaguzi mipakani yaanze kutumika mwaka 1995, mtu wa Mützenich huvuka kwenda Monschau kununua mkate bila hata kukumbuka kwamba amepita nchi ya watu.

Njia ya baiskeli ilikamilika mwaka 2013. Ina urefu wa kilomita 125, kutoka Aachen hadi Troisvierges, ikipita nchi tatu, na miinuko yake ni ya taratibu kwa kuwa garimoshi la makaa lisingeweza mlima mkali. Ukijaliwa kufika, punguza mwendo baada ya Roetgen uyatafute mawe ya mpaka kando ya lami. Bado yanaonyesha mpaka uleule uliochorwa kwa ajili ya treni.